Niliibeba Sauti Iliyokatika Mpaka Geneva

Tangu nirudi, kila anayeleta simu kuchaji kwenye kibanda changu hapa Lubunga ananiuliza swali lilelile: "Yaya Mapendo, kule Poto ulienda kufanya nini?" Yaya kwetu ni dada mkubwa, na Poto ni Ulaya. Nikijibu kwamba nilienda kwenye kikao cha watu wanaoamua simu ifanye nini na faili lililokatika, wanacheka. Wanasema nimeficha jambo, labda kuna mchumba. Basi nimeyaandika yote mara moja. Anayemtafuta mchumba hatamkuta humu. Anayetaka kujua jinsi nilivyonyamaza mbele ya watu themanini wakati wa kusema, asome.

Kwa asiyenijua: mimi ni mkubwa wa watoto watatu. Baba alikuwa mfanyakazi wa reli hapa ng'ambo ya kushoto ya mto, upande wa pili wa mji wa Kisangani. Alikufa nikiwa na miaka kumi na mitano, na mama akamfuata nikiwa na kumi na sita. Niliacha shule mwaka wa pili wa sekondari ili Salehe asiache, na ili Neema, aliyekuwa ndiyo kwanza anaanza kutembea, apate mgongo wa kubebwa. Kibanda cha kuchaji simu na kunakili nyimbo ndicho kilichotulea.

Kwetu umeme unakuja na kuondoka unavyotaka, kwa hiyo simu zinakufa katikati ya kazi. Mtu anarekodi mahubiri, harusi, vilio vya matanga, kisha betri inakwisha. Akichaji tena, simu inamwambia faili limeharibika. Miaka mingi niliiamini simu. Baadaye nikajifunza, polepole, kwa kompyuta kuukuu na kwa kuwauliza watu nisiowajua kwenye mtandao, kwamba simu haisemi kweli. Inaporekodi sauti huikata vipande vidogo sana, hamsini kwa kila sekunde, na kuvipanga kimoja nyuma ya kingine. Ukibonyeza kitufe cha kusimamisha, ndipo inapoandika mwishoni orodha ya kuonyesha kila kipande kilipo. Betri ikifa kabla ya hapo, orodha haiandikwi. Vipande vyote vimo, ila hakuna wa kuonyesha njia. Ni kama kitabu kilichochanwa ukurasa wa yaliyomo, halafu mtu akasema hakuna kitabu.

Faili la kwanza nililofaulu kulifungua lilikuwa la mama. Alilirekodi akiwa mgonjwa. Alitaka kadi ya kumbukumbu ya simu ipelekwe na msafiri kwa kaka yake huko Kindu. Betri ikafa akiwa anasema. Mama naye hakumaliza wiki. Sauti hiyo inasikika kwenye kompyuta yangu tu. Kwenye simu ya Neema haifunguki.

Wale niliokuwa nikiwauliza kwenye mtandao walikuwa katika kikundi kinachoandika kanuni za muundo mpya wa kuhifadhi sauti na picha. Rasimu yao ilisema: programu ikikuta faili lisilo na orodha, lazima ilikatae. Niliwaandikia kwamba haifai. Wakajibu: njoo useme mwenyewe. Habari za makaratasi ya safari naziruka, hazina utamu.

Lubunga hadi Yanonge

Ndege ya kwenda Kinshasa ilikuwa imesimama kwa matengenezo, na hakuna aliyejua itaruka lini. Niliamua kushuka na mto, wiki tatu kabla ya kikao. Salehe alinisindikiza kwa pirogi, yaani mtumbwi, mpaka ng'ambo ya mjini, ambako mashua kubwa ya mbao ilikuwa inapakia mchele, mafuta ya mawese na watu. Kadi ya mama nilikuwa nimeishona ndani ya pindo la kitenge.

"Yaya, ukifika kule usikubali kila kitu," Salehe aliniambia. "Weye unazoea kunyamaza."

"Nikinyamaza, nakubali?"

"Hapana. Lakini bale batu hawakujui."

Nilimwambia aende kazini. Maneno yake nilikuja kuyakumbuka nikiwa nimechelewa.

Kwenye mashua nilipata nafasi karibu na Mama Cécile, muuza samaki wa kukaushwa, mwanamke mpana mwenye kicheko cha kuamsha mbuzi. Aliniuliza ninakwenda wapi. Nilipomweleza habari ya vipande na orodha, alisikiliza mpaka mwisho, kisha akawageukia wengine.

"Munasikia? Huyu anapanda ndege kwenda kuambia bazungu namna ya kufunga mulango wa simu!"

"Wa kufungua, mama," nikasema.

"Bon, kufungua. Donc kule Poto hakuna mutu wa kufungua?"

Watu walicheka, na tangu hapo nikaitwa Mama Mulango mpaka Kinshasa.

Kabla kidogo ya Yanonge tulipanda fungu la mchanga. Kijana wa mbele, anayepima kina cha maji kwa mti mrefu uliopakwa alama nyekundu na nyeupe, alisukuma kwa nguvu na mti ukavunjika. Nahodha, Papa Losembe, alimtukana kwa Kilingala na kwa Kiswahili, akamaliza kwa Kifaransa. Tulikaa pale kwa muda wa saa tano. Abiria wa kiume walishuka wakasukuma, maji yakiwafika kifuani, na tulipofika Yanonge hatukuwa na mti wa kupimia.

Papa Losembe alikwenda kwenye mashua nyingine, ya watu tusiowajua, akaazima wa kwao. Kijana aliuchukua, akautumbukiza, akaita kina palepale bila kuuliza alama zina maana gani. Nilimuuliza nahodha inakuwaje mti wa wageni usomeke hivyo.

"Kwani ungesomeka namna gani? Muti ni muti. Kila mashua ya mto huu inapaka hivyo hivyo."

"Nani aliamua?"

Alifikiri, akajikuna kidevu. "Waliokwama kabla yetu," akasema, akaenda kuangalia injini.

Yanonge hadi Kinshasa

Injini ilikuwa na neno lake. Tulilala Yanonge siku mbili tukingoja kipuri. Sikuchoka sana, maana Mama Cécile alipika. Alitengeneza liboke la samaki, yaani samaki aliyefungwa ndani ya majani na kuwekwa juu ya makaa, na mimi nikatwanga lituma kwa ndizi nilizonunua kwa wenyeji. Aliniangalia ninavyotwanga akasema, "Mukono yako iko ya mutu aliyeanza mapema." Nikamwambia nilianza na miaka kumi. Hakuuliza zaidi, akaniongezea samaki.

Kutoka hapo siku zilifanana: Isangi, Bumba, Lisala. Pirogi zilikuwa zinakuja kutushika ubavuni tukiwa tunatembea, kuuza ndizi, mihogo na viwavi. Watu walipojua kazi yangu walianza kuniletea simu. Mwalimu mmoja alikuwa na wimbo wa kwaya uliokatika, na mjane mmoja wa Lisala alikuwa na sala ya mumewe. Sikuwa na kompyuta yangu, kwa hiyo niliandika majina yao tu kwenye daftari. Yule mjane alishika mkono wangu. "Waambie na yangu," akasema kwa Kilingala. Kufika Mbandaka nilikuwa na kurasa mbili za majina, na safari niliyodhani ni ya kadi moja ikawa imeongezeka uzito.

Kinshasa nilikaa siku tatu kwa binamu wa baba. Kila nilipofungua mdomo watu wa nyumbani kwake waliniita Moswahili, mtu wa Kiswahili, na kuniuliza kama kwetu bado kuna vita. Niliwajibu kwamba kwetu kuna samaki. Mama Cécile alinisindikiza mpaka barabara ya uwanja wa ndege, akanipa kifurushi cha samaki wa moshi. "Usikule baridi yao na tumbo tupu," alisema.

Kinshasa hadi Geneva

Juu ya ndege sina la kusema isipokuwa kwamba nilikaa kati ya wanaume wawili waliolala mpaka mwisho, na niliona aibu kuwaamsha nipite. Wiki mbili za mto zilinifundisha kuongea na jirani. Ndege ina watu wengi kuliko mashua na hakuna anayekuuliza unakwenda wapi. Samaki wa Mama Cécile walizuiwa nilipofika. Afisa aliwanusa, akarudisha kichwa nyuma, akaniangalia kwa huruma. Nilimwangalia vilevile.

Geneva ina ziwa na mto unaotoka ndani yake, maji ya rangi ya chupa. Nilisimama darajani nikatafuta mtu anayevua au anayevusha watu. Palikuwa na bata tu. Lakini treni ilifika kwa dakika iliyoandikwa ukutani, na hilo nililiheshimu.

Jioni ya kwanza wanakikundi walinikaribisha kula. Katikati ya meza waliweka chungu cha jibini iliyoyeyushwa. Kwa macho yangu ile ilikuwa mboga, kwa hiyo nikangoja. Wote walichovya vipande vya mkate kwa uma mrefu wakala, mimi nikangoja tu. Mwishowe dada aliyekaa kando yangu aliniuliza kwa Kifaransa kama sijisikii vizuri.

"Nasubiri lituma," nikasema. "Au ugali. Hii si mchuzi wake?"

Alicheka mpaka akafunika uso. Huyo alikuwa Aminata, mhandisi kutoka Dakar, ambaye angeninong'oneza tafsiri siku zote, kwa kuwa kikao kilikuwa cha Kiingereza. "Ma sœur, huo ndio mlo wenyewe," alisema, "na ndani yake kuna divai, kwa hiyo sisi wawili tusiokunywa pombe tunakula viazi." Tukala viazi.

Siku tatu mezani

Nilitegemea kukuta wakubwa. Nilikuta watu themanini wenye masweta yaliyochakaa viwikoni, kila mmoja na kompyuta yake. Wengine walikuwa wa kampuni za simu zinazogombana sokoni kila siku, wengine wa vyuo, wengine wa maktaba, na wawili watatu, kama mimi, wa kibanda. Hakuna aliyekuwa bosi wa mwenzake. Mwenyekiti, Bwana Henrik, mrefu kama mlingoti, kazi yake ilikuwa kuuliza na kusikiliza.

Nataka niwaeleze walivyofanya, kwa sababu nilivutiwa sana. Mtu hasemi tu "njia yangu ni nzuri". Anaandika karatasi, inapewa namba, kila mtu anaisoma. Halafu dai lake halipimwi na yeye mwenyewe. Anapewa mtu mwingine, mara nyingi wa kampuni pinzani, arudie kazi yote kwa mikono yake aone kama itatoka vilevile. Kulikuwa na chumba ambamo watu walivaa vifaa vya masikioni wakasikiliza sauti mbili bila kujua ipi ni ya nani, wakachagua. Niliona mzee mmoja akichagua ya mshindani wake. Alipoonyeshwa, alishtuka kidogo, kisha akasaini. Nilikumbuka vikao vya kwetu ambako mtu anajua jibu kabla ya swali, nikasema moyoni hawa watu wana adabu ya ajabu.

Na wana subira. Nusu siku nzima waliijadili sentensi moja. Katika kanuni zao wana maneno matatu yenye uzito tofauti: jambo ambalo simu lazima ifanye, jambo ambalo inapaswa kufanya, na jambo ambalo inaweza kufanya ikitaka. Kulisogeza jambo kutoka neno moja kwenda lingine kunaweza kuchukua mwaka, kwa sababu simu zote zitakazotengenezwa baadaye zitatii.

Kifungu chetu kilifika siku ya pili. Aliyekitetea alikuwa Bwana Min, kutoka Korea, mtu wa sauti ya chini. Sababu yake haikuwa mbaya. Alisema wapo wahalifu wanaotengeneza mafaili mabovu kwa makusudi, na simu ikijaribu kuyafungua inaingiliwa. Salama ni kukataa. Watu wakatikisa vichwa kukubali. Bwana Henrik akaniangalia, akauliza chumba kizima: "Yupo asiyeweza kuishi na kifungu hiki?"

Aminata alininong'oneza. Mimi nilijua ninapinga. Nilikuwa na majina ya mto wote kwenye daftari. Lakini nilikuwa mgeni, mdogo kwa umri kuliko wengi pale, na sikuwa nimeitwa kwa jina. Kwetu, katika mambo ya ukoo, mgeni anayepinga harukii maneno. Anainamisha macho, anashika ukimya. Mkubwa akiona ukimya ule anajua kuna jiwe njiani. Anaahirisha, kisha anamwita mtu pembeni amuulize taratibu. Asiyesema bado hajakubali. Hivyo ndivyo nilivyowalea wadogo zangu. Sijawahi kuamua jambo la nyumba mpaka Salehe na Neema wote wawili wametamka.

Kwa hiyo niliinamisha macho, nikanyamaza kwa nguvu zangu zote.

Bwana Henrik alingoja, akagonga meza kwa kidole, wakaendelea na kifungu kingine.

Wakati wa chai nilimwambia Aminata, "Nashukuru wameliacha mpaka kesho."

"Wameacha nini?"

"Jambo letu."

Aliweka kikombe chini. "Dada, limepita. Aliuliza kama kuna anayepinga. Hakuna aliyesema."

"Lakini sikusema!"

"Ndiyo maana limepita."

Nilikwenda kusimama dirishani nikamkumbuka yule mjane wa Lisala. Nilikuwa nimeshuka mto mzima na jina lake daftarini, nikaifungia mlango sauti ya mume wake kwa adabu.

Kumsubiri Salehe

Aminata alinipeleka kwa Bwana Henrik, nikamweleza kwa Kifaransa ukimya wangu ulikuwa na maana gani. Hakucheka. Alikaa juu ya ukingo wa meza ili tuwe urefu mmoja. Alisema katika miaka yake yote ameandika "hakuna aliyepinga" mara nyingi sana, na sasa anajiuliza mara ngapi alikosea. "Lakini siwezi kufungua kifungu kwa sababu ya huruma," alisema. "Nikikufungulia wewe, nitamfungulia kila mtu, na hatutamaliza. Kifungu kilichofungwa hufunguliwa na jambo jipya. Niletee faili halisi na maelezo ya namna ya kulifungua, kesho kabla ya chakula cha mchana. Mtu mwingine atalipima. Na faili hilo litabaki kwetu, wazi kwa yeyote duniani."

Niligusa pindo la kitenge. Faili nililokuwa nalo lilikuwa moja. Na halikuwa langu peke yangu. Mama ni wetu sote watatu.

Saa za Geneva majira yale ni sawa na zetu. Nilimpigia Neema kwanza. "Yaya, peleka," alisema bila kupumua. "Miye nataka tu simu yangu ifunguke." Salehe alikuwa vingine.

"Kwa nini waisikilize wao? Mama alikuwa anaongea na kaka yake. Hakuongea na bazungu."

"Najua."

"Wataicheza kwa mashine zao kama muziki. Watacheka Kiswahili chake."

"Hawa hawacheki, Salehe. Nimewaona."

"Yaya, weye ni mukubwa, ukisema—"

Simu yake ikazima. Betri. Nilijaribu tena na tena, ikabaki vivyo hivyo.

Aminata alisema, "Si amesema wewe ni mkubwa? Chukua hiyo kama ndiyo." Alikuwa na nia njema. Lakini dakika chache tu zilizopita nilikuwa nalia kwamba ukimya wangu umegeuzwa kuwa ndiyo. Ningewezaje kuugeuza wa mdogo wangu?

Nikamsubiri. Siku ile ikaisha bila jibu. Asubuhi iliyofuata nilikaa kwenye ngazi za jengo, simu mkononi, maelezo yakiwa yameandikwa tayari kwa Kifaransa na Aminata akiwa ameyatafsiri. Saa tatu ikapita, saa nne ikapita. Saa tano kasoro simu ikalia, namba nisiyoijua, nyuma yake kelele za soko.

"Lubunga yote haina umeme tangu jana," alisema Salehe, akihema. "Nimevuka mpaka mjini. Nimefikiri katika pirogi. Ipeleke. Lakini wasikate kitu. Yote, vile alivyosema. Na waandike ni ya nani. Asiitwe namba."

"Nitawaambia."

"Na Yaya… usinyamaze tena."

Nilichana pindo kwa meno.

Aliyepewa kulipima faili langu, kwa kanuni yao, alikuwa Bwana Min mwenyewe. Nilidhani nimekwisha. Alichukua maelezo yangu, akakosa chakula cha mchana, akaandika programu yake mwanzo hadi mwisho bila kuniuliza. Saa nane alirudi, uso umemlegea.

"Bi Mapendo, samahani. Sauti inatoka, lakini kuna hitilafu. Kuna mdundo unaojirudia, du, du, du, tangu mwanzo. Nafikiri vipande havikai mahali pake. Nimejaribu kuuondoa, unakataa. Siwezi kusema jaribio limefaulu."

Alinipa vifaa vyake vya masikioni. Nikasikia kuku, kisha kifua cha mama kikivuta pumzi. *Kaka, ni miye dada yako. Nilikuwa mugonjwa, sasa niko muzuri kidogo. Batoto beko bazima. Unasikia anatwanga? Ni Mapendo. Salehe iko ku masomo. Na kale kadogo kanaanza kutembea, kanaitwa Nee*

Basi, hapo inakatika.

"Si hitilafu," nilimwambia. "Ni mimi. Nilikuwa natwanga ndizi uani." Nikagonga meza kwa ngumi, kwa mwendo ule ule.

Bwana Min alinitazama. Akavaa vifaa vyake tena, akafumba macho, akaanza kugonga pamoja nami kwa kidole. Tuliendelea hivyo mpaka mwisho wa faili. Kisha akafungua kompyuta, akahesabu nafasi kati ya mdundo na mdundo.

"Kosa la programu lingeangukia mipakani mwa vipande, sawasawa kila mara," alisema polepole. "Na kosa halichoki. Hili linachoka. Kuelekea mwisho mkono wako unapunguza mwendo."

"Kinu kilikuwa kikubwa," nikasema.

Aliandika kwenye karatasi ya kipimo kwamba jaribio limefaulu. Halafu, bila kuombwa, akakaa na mimi na Aminata kutunga kifungu upya: programu ikikuta faili lisilo na orodha, inapaswa kulicheza mpaka kipande cha mwisho kilicho kizima, lakini kwanza lazima ipime ukubwa wa kila kipande, ili mhalifu asipate mlango. Hofu yake ilibaki ndani ya sentensi, na hoja yangu pia. Nilisoma sentensi ile nikaona ni imara kuliko yake ya kwanza, na kuliko yangu.

Bwana Henrik aliisoma mbele ya wote. Faili likachezwa, sekunde thelathini na moja. Hakuna aliyecheka. Kisha akauliza, "Yupo asiyeweza kuishi na kifungu hiki?" Palikuwa kimya, na kimya kile kilitosha. Lakini yeye alinigeukia, akaniita kwa jina.

Nikasimama. "Sina pingamizi," nikasema kwa sauti ya kufika ng'ambo.

Kurudi Lubunga

Ndege ya Kinshasa hadi Kisangani safari hii ilikuwepo, ikachelewa siku moja tu. Neema alikuja kunipokea na simu yake mkononi.

"Sasa itafunguka?"

Ilibidi nimwambie ukweli. Kuna rasimu nyingine, na vikao vingine, halafu wenye kutengeneza simu waifuate. Huenda ikawa miaka. Alinuna mpaka katikati ya mto. Kisha akaniuliza, "Mama aliniita vizuri, ao alikuwa amechoka?" Nikamwambia alimwita vizuri, betri ndiyo ilichoka.

Wiki iliyopita Bwana Min aliniandikia. Orodha ya mafaili ya majaribio imetoka, yale ambayo kila programu mpya itapimwa nayo popote itakapotengenezwa. Yana namba, na mbele ya namba kuna maelezo mafupi. Nilimwita Salehe aje kibandani asome mwenyewe, maana yeye ndiye aliyeweka sharti. Alisoma kwa kidole, akarudia, kisha akakaa juu ya kreti la chupa.

Mstari wetu unasema: *Mama wa Mapendo, Salehe na Neema, Lubunga. Faili limekatika, lichezwe lote. Sauti ya kutwanga ni sehemu ya faili, isiondolewe.*